Maswali Yenu, Majibu Yangu: Siku Moja Ndani ya Kraków

Tangu niandike hapa kwamba wageni wanaofika Kraków wanakimbizwa mno, barua zimenijia kutoka pande nyingi. Nyingine zinauliza jambo moja kwa maneno tofauti, hivyo nimezichagua zile ambazo jibu lake litawafaa wengi. Kwa wasionifahamu: mimi ni mtu wa Tanga niliyekuja Polandi kusomea uhandisi wa madini, nikaoa huku, nikazeekea huku. Tangu nistaafu nawatembeza wageni wanaozungumza Kiswahili, hasa vikundi vya hija. Msimamo wangu ni mmoja na ninautetea kwa kila anayeniuliza: siku moja inatosha kuujua mji huu, ilimradi usiimalizie kwenye kasri la wafalme. Uvuke mto.

*Tumsifu Yesu Kristo. Sisi ni kikundi cha Huruma ya Mungu kutoka Moshi. Tunakuja kuhiji Łagiewniki na tutabakiwa na siku moja ya kuuona mji. Wakala wetu anasema saa mbili za kutembezwa zinatosha, kisha turudi Łagiewniki tuwahi sala ya saa tisa. Mzee unashauri nini?*
*Mama mwenyekiti wa kikundi, Moshi*

Milele amina, mama. Nashauri muitenganishe siku ya sala na siku ya mji. Łagiewniki iko kusini mwa Kraków, tramu inafika, na pale ndipo alipofariki mwaka 1938 Mtakatifu Faustina, mtawa aliyeeneza ibada hiyo ya Huruma ya Mungu. Picha ya Yesu wa Huruma inayoning'inia kwenye sebule nyingi za kwetu ni nakala ya ile iliyo ndani ya kanisa la watawa wenzake, iliyochorwa na Adolf Hyła. Mtu aliyesali mbele ya nakala miaka yote hiyo asisimame mbele ya picha yenyewe huku anatazama saa. Kaeni siku nzima. Mkimaliza sala ya saa tisa, tembeeni hadi patakatifu pa Yohane Paulo II palipo jirani, kwenye eneo la kilichokuwa kiwanda cha soda cha Solvay. Karol Wojtyła, ndiye Papa huyo, alikuwa kibarua wa Solvay wakati wa vita, akipita njia zile na viatu vya mbao. Mwaka 2002 alirudi akiwa Papa kuliweka wakfu kanisa kubwa la Huruma, na viatu vile akavikumbuka mbele ya umati.

Sasa siku ya mji. Mwambieni mwongozaji awakute Barbakan saa tatu asubuhi, kabla mabasi ya watalii hayajamwaga watu. Barbakan ni ngome ya mviringo ya matofali, iliyojengwa mwaka 1498 na 1499, na kuta zake zina unene wa mita tatu hivi. Sehemu kubwa ya ukuta uliouzunguka mji ilibomolewa katika karne ya 19, na mahali pake pakapandwa miti. Bustani hiyo inaitwa Planty, inauzunguka mji mkongwe kwa kilomita nne hivi, na madawati yake ni mengi. Kumbukeni habari ya madawati.

Mkiingia Lango la Floriańska mko kwenye Njia ya Kifalme. Wafalme waliokwenda kutawazwa, na majeneza yao baadaye, walipita hapa kuelekea kilima cha Wawel, penye kasri lao na kanisa kuu. Mtaa wenyewe siku hizi ni maduka matupu, upiteni haraka. Mwisho wake mnatokea Rynek Główny, uwanja mkuu, na hapo ndipo watu wangu wengi hunyamaza kwanza. Uwanja una upana wa kama mita 200 kila upande. Ulipimwa mwaka 1257, miaka 16 tu baada ya Wamongoli kuuchoma mji, na vipimo vile havijabadilika hadi leo. Katikati kuna Sukiennice, jumba refu la wafanyabiashara wa vitambaa, ambalo baada ya moto wa 1555 lilijengwa upya na kupewa taji la mawe yaliyochongwa juu ya kuta.

Saa tano kamili muwe kwenye ua wa Collegium Maius, jengo la kale la chuo kikuu, hatua chache kutoka uwanjani. Chuo hiki kilianzishwa na mfalme Kazimierz mwaka 1364, na Copernicus alisoma hapa kuanzia 1491. Saa ya ukutani ikipiga, milango midogo hufunguka na wanasesere wa mbao wakapita kwa mlolongo, na malkia Jadwiga yumo. Mshikeni huyo Jadwiga akilini, mtamkuta tena.

Saa sita kasoro robo muwe mmeshakaa ndani ya kanisa la Maria, la hapo uwanjani. Watalii huingia kwa mlango wa pembeni, na tiketi zinauzwa ng'ambo ya kinjia. Saa sita kasoro dakika kumi sista hutoka na fimbo ndefu, akazifungua mbawa za altare moja baada ya nyingine. Mama, sijui niielezeje altare hii bila kuipunguza. Wit Stwosz aliichonga kati ya 1477 na 1489, ina kimo cha kama mita 13, na sanamu zake kubwa zinampita mtu mrefu. Katikati Bikira Maria anaishiwa nguvu mikononi mwa mitume. Msiangalie dhahabu kwanza. Angalieni mikono. Mishipa imetuna, viungo vya vidole vimevimba kama vya wazee waliolima maisha yao yote, na mtume anayemshikilia Maria ameipinda mikono yake kama anayeogopa kumdondosha. Yote hiyo ni mbao, mti wa mlinde. Wanazi waliipeleka Ujerumani kwa vipandevipande, ikakutwa Nuremberg baada ya vita, na ikarudi Polandi 1946. Ilisubiri hadi 1957 kuwekwa tena mahali pake.

Kwa sababu mtakuwa ndani, tarumbeta ya saa sita itawapita, basi isikilizeni saa saba mkiwa uwanjani. Kila saa, usiku na mchana, mzimamoto hupanda mnara mrefu wa kanisa hilo na kupiga wimbo uleule kuelekea pande nne, na kila mara wimbo unakatika ghafla kabla ya kumalizika. Masimulizi ya mji ni kwamba mlinzi wa zamani alichomwa mshale kooni akiwatangazia watu kuwa Watatari, ndio wale Wamongoli, wamefika. Akimaliza, mpungieni mkono. Naye hupunga.

Baada ya chakula piteni mtaa wa Franciszkańska, namba 3. Dirisha lililo juu ya lango ndilo ambalo Yohane Paulo II alikuwa akisimama usiku kuzungumza na vijana alipokuja nyumbani. Aliposafiri Tanzania Septemba 1990, alifika na kwenu Moshi. Wale walioiona siku ile watataka kusimama chini ya dirisha hili, na wapewe nafasi yao. Kisha mtaa wa Kanonicza, alipoishi akiwa padri, mpaka Wawel.

Kupanda kilimani hakuna kiingilio. Kanisa kuu na vyumba vya kasri vina tiketi zake, tena zile za kasri hununuliwa kwa kila sehemu peke yake na huisha. Mkilazimika kuchagua, chagueni kanisa. Humo wamezikwa wafalme, humo kengele ya Zygmunt ya mwaka 1520, ambayo huhitaji wanaume 12 kuivuta, na chini yake kuna kikanisa cha Mtakatifu Leonard ambamo Wojtyła alisoma misa yake ya kwanza tarehe 2 Novemba 1946. Na humo yumo Jadwiga. Karibu na kaburi lake kuna kisanduku cha kioo chenye fimbo ya kifalme na tufe. Sogeeni karibu: ni mbao. Malkia alikiachia chuo vito vyake ili kifufuke, naye akazikwa mwaka 1399 na alama za ufalme za mbao. Chuo kilifunguliwa upya mwaka uliofuata, na ule ua mliosimama asubuhi ni wa chuo hichohicho.

Mkiteremka Wawel itakuwa saa tisa na ushee, na wakala wenu atasema safari imekwisha. Mwambieni bado. Nenda kwenye jibu langu kwa msomaji wa Kigali uone sababu.

*Assalaam alaykum. Mimi na mume wangu tutapita Kraków mwezi wa sita. Tumesikia chakula chote cha huko ni nguruwe. Tutakula nini mchana kutwa?*
*Bi mmoja, Zanzibar*

Waalaykum salaam, bibie. Nguruwe yumo kwenye vyakula vingi, ni kweli, hata pale usipomtarajia. Supu ya żurek hupikwa na soseji. Maharagwe na kabichi mara nyingi huungwa kwa mafuta yake. Lakini hamtashinda na njaa.

Asubuhi nunueni obwarzanek kwenye mikokoteni ya buluu iliyosimama kila kona. Ni mkate wa duara wenye tundu katikati. Donge la unga husokotwa, huchemshwa kidogo ndipo huokwa, likanyunyiziwa chumvi, ufuta au mbegu za popi. Ule wa ufuta uliotoka tanuri asubuhi hiyo, ganda linavunjika na ndani ni laini. Ukikaa hadi jioni unakuwa mgumu, kwa hiyo msinunue wa akiba.

Mchana tafuteni bar mleczny, mahoteli ya bei nafuu yaliyobaki tangu enzi za ujamaa, ambako wanafunzi, mapadri na bibi wazee wanapanga foleni moja. Agizeni pierogi ruskie, kitu mfano wa sambusa ya kuchemsha iliyojazwa viazi na jibini. Hapa ndipo pa kuwa makini: juu yake humwagiwa vipande vya mafuta ya nguruwe vilivyokaangwa. Semeni "bez skwarek" kabla hawajapakua, na muulize pia vimepikwa kwa mafuta gani. Pierogi za matunda, za blueberry zikiwa msimu, na siagi au malai juu, hazina shida hiyo. Kinywaji kiwe kompot, maji ya matunda yaliyochemshwa na sukari. Samaki wapo, na maduka ya kebabu yamejaa, ila uhalali wa nyama ulizieni dukani kwenyewe, msikubali kwa kuangalia bango.

*Shikamoo mzee. Ninaleta mama yangu, ana shida ya magoti. Mtandaoni naona ziara za bure, ziara za vigari vya umeme, na waongozaji wa kulipia kwa saa. Nichukue ipi? Sitaki kuibiwa.*
*Kijana wa Nairobi*

Marahaba mwanangu, na hongera kwa kumleta mama.

Ziara inayoitwa ya bure si ya bure. Mwongozaji hana mshahara, anaishi kwa mnachompa mwishoni, na wengi wao wanajua kazi. Nimewasikiliza vijana wa vyuo wakieleza historia ya uwanja mkuu vizuri kuliko vitabu. Kasoro zake ni mbili: watu ni wengi, na hamuingii ndani ya majengo. Kwa mtu mwenye magoti, kusimama dakika 20 nje ya kanisa bila kuketi ni adhabu kuliko kutembea.

Vigari vya umeme, huku vinaitwa melex, vinapanga foleni kando ya uwanja. Vinabeba watu wachache na vina sauti iliyorekodiwa inayoeleza unachopita. Vinafaa kwa kuwavusha umbali, kutoka Rynek hadi mtaa wa Kazimierz na ng'ambo ya mto. Kukubaliana bei na njia kabla mama hajapanda ni lazima, tena mwambie dereva aandike. Sauti iliyorekodiwa haiwezi kujibu swali la mama, na mama zetu wana maswali.

Kwa hiyo chukua mwongozaji wa kulipia kwa saa tatu au nne. Tangu 2014 sheria ya huku haidai tena leseni kwa anayeongoza wageni mijini, mtu yeyote anaweza, basi muulize kwa barua kabla: Ameongoza watu wazee? Anajua lifti ziko wapi na vyoo viko wapi? Yuko tayari kuikata njia katikati mama akichoka? Anayejibu mara moja kwamba atapunguza vituo, huyo mlipe. Anayekutumia orodha ya vituo 20, mwache.

Uwanja mkuu ni tambarare. Mitaa mingine imepangwa mawe ambayo mkongojo hauyapendi, na mteremko wa Wawel unatoa jasho, hivyo mpandeni polepole. Turudi kwenye yale madawati ya Planty: kutoka karibu kila sehemu ya mji mkongwe dawati halizidi dakika chache. Kwa tramu, nunua tiketi na uigonge kwenye mashine mara unapoingia. Wakaguzi wapo, na "sikujua" haisamehewi.

*Mwezi gani ni mzuri? Nivae nini? Euro zinapokelewa?*
*Msomaji, Dodoma*

Mei au Septemba. Desemba jua linazama kabla ya saa kumi jioni na baridi inashuka chini ya sifuri, ingawa mji ukiwa na theluji ni mzuri mno kwa mwenye koti la kweli na viatu visivyoteleza. Julai watu wanakanyagana. Jumatatu makumbusho mengi yamefungwa au yanafungwa mapema. Fedha ni złoty. Polandi imo Umoja wa Ulaya tangu 2004 lakini haitumii euro. Badilisha kwenye duka lililoandikwa kantor, soma bei ya kununua na ya kuuza ubaoni kabla hujatoa noti, na uwanja wa ndege badilisha kidogo tu ya nauli.

*Mzee, shikamoo. Binti yetu anasoma Polandi na tunamtembelea pamoja na wadogo zake, wa miaka 9 na 14. Anataka kutupeleka mtaa wa Podgórze, kwenye habari za Wayahudi. Mume wangu anasema watoto wetu wameshasikia mauaji ya kutosha nyumbani, likizo iwe likizo. Mimi sina uhakika. Ungekuwa wewe ungefanyaje?*
*Mama wa watoto watatu, Kigali*

Marahaba mwanangu. Mumeo hajakosea kuwaza hivyo, na ninyi mnaijua habari hii kwa namna ambayo mimi siijui. Nitakueleza ninavyofanya na familia, kisha mtaamua wenyewe.

Naanzia Kazimierz, na naanza na uhai. Mfalme Kazimierz aliuanzisha mwaka 1335 kama mji wa peke yake, na kuanzia mwishoni mwa karne ya 15 Wayahudi wakakaa hapa kwa zaidi ya miaka 400. Walikuwa na shule, wachapaji, mafundi saa, wagomvi wa sokoni. Nawaonyesha watoto alama za mezuza, vile vifuko vya maandiko ambavyo Wayahudi hupigilia mlangoni, kwenye miimo ya milango, zile mbonyeo za mshazari ambazo mara nyingine bado zinaonekana. Naingia nao makaburi ya Remuh, ya karne ya 16, ambako wageni huacha vijiwe juu ya makaburi. Mtoto wa miaka 9 huelewa hapo kwamba huu ulikuwa mtaa wa watu, wenye bibi na wajukuu. Kabla ya vita Wayahudi wa Kraków walikuwa zaidi ya 60,000, karibu robo ya mji.

Ndipo tunavuka mto kwa daraja la miguu la Bernatka. Machi 1941 Wajerumani waliwahamishia Wayahudi upande huu, zaidi ya watu 15,000 wakasongamana mahali palipokuwa na wakazi 3,000 hivi, na ukuta ukajengwa kuwazunguka. Hilo ndilo gheto. Kipande chake kimebaki mtaa wa Lwowska. Kilele chake kimekatwa kwa umbo la mawe ya makaburi, na waliojenga walijua wanachofanya. Kwa watoto wadogo sifiki huko.

Nafika nao uwanja unaoitwa sasa Plac Bohaterów Getta. Hapa watu walikusanywa kupelekwa kambi ya mauaji ya Bełżec mwaka 1942, na hapa gheto likamalizwa tarehe 13 na 14 Machi 1943. Huoni sanamu wala picha za maiti. Unaona viti vya chuma, virefu kuliko viti vya kawaida, vimepangwa kwa mistari kwenye uwanja mtupu, havina mtu. Vimewekwa kwa kukumbuka fanicha zilizobaki zimezagaa baada ya wenyewe kuondolewa. Vidogo vyake viko pembeni, kwenye kituo cha tramu, na wanaosubiri tramu hukaa juu yake na mifuko yao ya sokoni. Mimi huwaacha watoto wazunguke wenyewe, sisemi kitu. Wakiuliza, najibu walichouliza, siongezi.

Kona ya uwanja huo kuna duka la dawa, Apteka pod Orłem, siku hizi makumbusho. Mwenye duka, Tadeusz Pankiewicz, hakuwa Myahudi. Alipewa nafasi ya kuhama gheto lilipofungwa, akakataa. Alibaki na wasaidizi wake, wanawake vijana, na duka lake likawa mahali pa kupitisha barua na chakula. Aligawa rangi ya nywele ili wazee waonekane vijana wenye uwezo wa kazi, na dawa za usingizi ili watoto waliofichwa wasilie wakati wa msako. Droo za dawa zipo, unaweza kuzivuta, na ndani yake wameweka habari za watu. Huyo wako wa miaka 14 mwache avute droo anazotaka.

Kiwanda cha Schindler, Mjerumani aliyewaokoa wafanyakazi wake Wayahudi, kiko dakika kumi na kitu kwa miguu. Makumbusho yake yanaeleza Kraków yote chini ya Wanazi, ni mazuri, lakini ni giza na sauti za kishindo, na yanahitaji saa mbili na tiketi ya mapema. Mpeleke huyo wa miaka 14, mdogo abaki na baba yake kwenye bustani za mto.

Mama, wageni wengi huondoka Kraków wakijua joka la Wawel na hawajui uwanja wa viti. Joka lenyewe ni zuri, sanamu yake kando ya mto inatema moto kweli, na mdogo wenu alione. Ila mji ambao robo ya watu wake walitolewa ndani ya miaka michache hauwezi kuelezwa na majengo yaliyosalimika pekee. Hiyo ndiyo sababu ninamwambia kila mtu avuke. Mume wako muombe jambo moja tu, aje hadi kwenye daraja. Pale mnaweza kugeuka.

*Habari mzee. Wakala ananiuzia siku moja: asubuhi Auschwitz, mchana mgodi wa chumvi wa Wieliczka, jioni Kraków. Bei ni nzuri. Nikubali?*
*Msomaji, Dar es Salaam*

Usikubali. Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, iko kama kilomita 70 magharibi ya Kraków. Kwenda, kuongozwa kambi zote mbili na kurudi ni siku nzima, na ukitoka pale huna moyo wa kwenda mahali pengine. Wapo wanaokwenda kwa sababu wamelipia, nimewaona ndani ya mgodi wakiwa hawatazami chochote.

Na Wieliczka, niruhusu niitetee kama mtu wa migodi. Chumvi ilichimbwa pale kuanzia karne ya 13 hadi 1996. Mgodi una kina cha mita 327 na mapito ya zaidi ya kilomita 200. Mgeni anaonyeshwa kipande kidogo sana, naye anakiona kikubwa mno. Unateremka ngazi za mbao takriban 380 kwa kuanzia, hewa ikibadilika njiani, kisha inatulia kwenye nyuzi 17 au 18 mwaka mzima. Mita 101 chini ya ardhi kuna kanisa la Mtakatifu Kinga. Sakafu ni chumvi, altare ni chumvi, taa za darini zimetungwa kwa fuwele za chumvi, na waliochonga ni wachimbaji wenyewe. Angalia pia magogo yaliyopangwa kushikilia dari, meupe kwa chumvi, magumu kama jiwe. Magogo hayo ndiyo uhandisi wenyewe, na waongozaji wengi wanayapita wakikimbilia kanisani. Kupanda juu ni kwa lifti.

Treni kutoka stesheni kuu ya Kraków inakufikisha karibu na mgodi kwa chini ya nusu saa. Upe mgodi asubuhi yake. Wieliczka na mji mkongwe wa Kraków viliingizwa pamoja kwenye orodha ya kwanza kabisa ya Urithi wa Dunia mwaka 1978, maeneo 12 tu ya dunia nzima, Lalibela ya Ethiopia na kisiwa cha Gorée cha Senegal vikiwemo. Kama una siku moja tu na huwezi kuongeza, chagua kimoja kati ya vitatu, na vingine visubiri safari nyingine.

*Shikamoo. Bibi yangu alikuwa akitusimulia Wazungu maskini waliokaa Tengeru wakati wa vita, wanawake na watoto, waliokuwa wakiuza na kununua sokoni kama watu wengine. Wapolandi. Nikija Kraków, mwongozaji ataweza kunieleza habari zao?*
*Mwalimu, Arusha*

Marahaba mwalimu. Barua yako nimeisoma mara kadhaa.

Ziara ya kawaida haiwataji. Watu wale wengi hawakutoka Kraków, walitoka mashariki ya Polandi ya wakati ule, sehemu ambazo leo ni Ukraine, Belarus na Lithuania. Mwaka 1940 na 1941 Wasovieti waliwapakia kwenye treni za mizigo hadi Siberia na Kazakhstan. Ujerumani ilipoishambulia Urusi waliruhusiwa kutoka, wakapitia Iran, na kuanzia 1942 meli zikawaleta Afrika Mashariki. Tengeru ilikuwa kambi yao kubwa kuliko zote, watu kama 5,000, na Uganda walikaa Masindi na Koja. Vita vilipokwisha mipaka ilikuwa imesogezwa, vijiji vyao havikuwa tena Polandi. Wengine walirudi katika Polandi mpya, wengi wakaenda Uingereza, Kanada na Australia. Kambi ilifungwa mwanzoni mwa miaka ya 1950.

Lakini kuna mahali pa kuanzia. Chini ya kilima cha Wawel, mtaa wa Grodzka unapoishia, kando ya kanisa dogo la Mtakatifu Idzi, kuna msalaba wa mbao wa Katyń. Ni kumbukumbu ya Wapolandi takriban 22,000, maofisa wa jeshi, polisi, madaktari, walimu, waliouawa na Wasovieti mwaka 1940. Baadhi ya wanawake waliofika Afrika na watoto wao walikuwa wajane wa watu hao, na wengine hawakuwa wameambiwa bado. Vikundi hupita msalaba huo wakielekea kasri bila kugeuza shingo. Mimi husimama hapo na kueleza Tengeru, na Wapolandi wanaopita wakisikia jina hilo kutoka kinywani mwa Mwafrika huja kusikiliza. Mara nyingine mmoja wao husema shangazi yake alizaliwa chini ya Mlima Meru.

Kabla hujaja, nenda makaburi ya Wapolandi yaliyo kwenye eneo la chuo cha mifugo pale Tengeru. Yanatunzwa. Andika majina ya ukoo machache yaliyo kwenye mawe, pamoja na miaka, na kama bibi aliacha jina lolote la mtu alilokuwa akilitaja, hata kwa matamshi ya Kimeru, liandike vilevile alivyolitamka. Njoo nayo. Tutayasoma pamoja pale msalabani, na nitakuonyesha kwenye ramani ya kabla ya vita koo hizo zilitoka upande gani.